Siku Isiyo na Msiba

Watu wa Kahororo wakikuambia kwamba Ma Kokugonza alikuwa mama mkorofi, usibishane nao, ila waulize wao walimfanyia nini. Mimi nina haki ya kumsema. Shamba langu limepakana na lake, na kuna mgomba wangu mmoja uliokuwa kila ukizaa unainamia kwake, tukagombania mikungu yake hadi watu wakachoka kutuamua. Jina langu Alistidia. Nimeuza dagaa sokoni Bukoba tangu nikiwa na meno yote, na mdomo wangu unajulikana. Lakini mbele ya mama yule hata mimi nilikuwa naufunga.

Alizaliwa Kimwani, kule Muleba, akaolewa kwetu. Mumewe alikufa mapema akamwachia wana wawili, Philbert na Aroni. Akawalea kwa rubisi, pombe ya ndizi. Sasa fikiria, Mlutheri, Jumapili yuko kwaya, Jumatatu yuko shimoni anafukia ndizi ziive kwa ajili ya pombe. Mwinjilisti akaja kumsema. Akamjibu kwa heshima zote, "Waitu mwinjilisti, Bwana aligeuza maji yakawa divai na hakuna aliyemtenga. Mimi nageuza ndizi tu." Mwinjilisti alitoka pale anacheka, na nasikia hakutoka mikono mitupu.

Vita ilipotufikia, mwishoni mwa mwaka sabini na nane, mizinga ilisikika kutoka upande wa Kyaka na mji ukabeba magodoro kuelekea Muleba. Mimi nilikimbia na kuku kwapani. Ma Kokugonza alikataa. Alisema ana ndizi shimoni, akiziacha zitaoza, na kama ni kufa atafia karibu na kazi yake. Aroni alibaki naye. Philbert, yule mkubwa, fundi wa mashine kwenye kiwanda cha kahawa, alikuwa mgambo, akafuatana na jeshi hadi ng'ambo akibeba makasha ya risasi.

Vita ilipokwisha alirudi na gunia zito. Uwanja ulijaa watu, maana wenzake walikuwa wamerudi na redio na mashati. Philbert akamwaga gunia: maganda ya mizinga, marefu kwa mafupi, na pingili za mnyororo wa kifaru.

"Mawe!" mama yake alipiga kelele, kama tunavyosema kwetu tukishangaa. "Wenzako wameleta redio, wewe unaniletea vyuma chakavu?"

Philbert alilining'iniza ganda kubwa kuliko yote kwenye tawi la mparachichi, akaligonga kwa spana. Likatoa mlio mnene, mkali mwishoni, ukapita migomba yote ukafika hadi kwangu.

"Unasikia, Mae?" akasema. "Hivyo ndivyo unavyoniita ukiwa na hasira."

Uwanja mzima ulicheka. Na ilikuwa kweli kabisa, ndiyo sauti yake. Tangu siku ile ganda lile likaitwa Ma Kokugonza, na mwenye jina akajifanya amekasirika, lakini akija mgeni alikuwa anamwambia, "Umeniona na mimi? Nimening'inizwa pale."

Hivyo ndivyo ilivyoanza bendi ya Vyuma Jazz. Waliokuwemo ni mafundi wa kiwandani. Rweyemamu alipiga gitaa la umeme, naye ndiye aliyekuwa mkubwa wao, Aroni aliimba, Philbert alisimama nyuma katikati ya vyuma vyake, amevaa ovaroli, anagonga maganda, minyororo, mapipa na gia za mashine ya kukoboa kahawa. Usidhani ni rumba ile ya kushikana viuno. Rweyemamu alikuwa amesikia kwenye redio za wanajeshi magitaa ya Kizungu yanayokwaruza, rock wanaiita, akalifanya lake likwaruze vilevile. Ukichanganya na vyuma vya Philbert, ilikuwa kama kiwanda kizima kimeamua kuimba. Watu waliwacheka, wakawaita bendi ya gereji. Wazee waliziba masikio. Lakini sisi tuliosikia mizinga ile, tukasikia sasa maganda yake yanapigwa na kijana wa kwetu kwenye harusi, jamani, ilikuwa kitu kingine. Nilicheza mpaka nikapoteza kiatu.

Halafu akaja Juliana. Hilo lilikuwa jina la mashati ya magendo kutoka ng'ambo, na kwa kuwa waliokuwa wakiyavaa ndio walioanza kukonda, ugonjwa ukapewa jina la shati. Baadaye redio ikatuletea jina lake halisi, UKIMWI, lakini nani angelitamka? Msibani walisema malaria. Walisema tumbo. Walisema amerogwa na mtu wa magendo aliyedhulumiwa. Watu wazima, wasomi, wenye miwani, wanasimama kaburini na kusema malaria, na kijana ndani ya jeneza ana uzito wa mtoto.

Philbert alianza kukonda mwaka themanini na tano. Mama yake alimwogesha, akamlisha uji kwa kijiko, akamgeuza kitandani mwaka mzima peke yake, kwani mchumba wa Philbert alikuwa amekwisha kukimbia. Alipokufa, msiba ukawa mkubwa, na pale pale msibani Ta Rugaibula akasimama.

Ta Rugaibula, Ta ndiyo heshima yetu kwa mzee, alikuwa mwenyekiti wa chama cha kuzikana. Kwetu chama hicho ndicho serikali yenyewe. Ukifiwa, ndicho kinachochimba kaburi, kinachoteka maji, kinacholeta nyasi za kulalia waombolezaji. Na sheria yake ni moja ambayo tuliikuta kwa wazee: palipo na msiba jirani, jembe halishikwi, ngoma haipigwi, redio haifunguliwi, mpaka msiba uishe. Anayevunja hatozwi kitu. Siku akifiwa, hawaji. Basi. Utajua mwenyewe na maiti yako.

"Kijana huyu," akasema Ta Rugaibula, "ameuawa na vyuma. Amekaa anagonga vyuma vilivyoua watu, damu za watu zimemfuata. Vitupwe ziwani."

Na watu wakaitikia! Nilitaka kucheka. Kila mtu pale alikuwa na mgonjwa ndani, na hakuna hata mmoja wa wagonjwa hao aliyewahi kugonga chuma. Ma Kokugonza alikuwa amekaa kwenye nyasi, miguu ameinyoosha. Akasema tu, "Nimesikia."

Asubuhi ya kuvitupa, vyuma havikuonekana. Vijana walipekua nyumba, jiko, zizi. Yeye alikuwa amekaa kando ya shimo lake la ndizi, anapanga mikungu, anafunika majani, mtulivu kabisa. "Labda wenye damu zao wamekuja kuvichukua," aliwaambia. Wakaondoka mbio. Mimi niliyezoea kuchungulia ndizi za watu niliona kwamba shimo lile limepanda juu kuliko kawaida. Nikanyamaza.

Aroni ndiye aliyekuja na wazo la albamu. Alisema kaka yake hatalala kaburini na uongo juu yake. Watarekodi studio, nyimbo kamili, pande mbili za kanda, na kila wimbo uwe na vyuma vya Philbert, na wimbo mmoja utamke ugonjwa kwa jina lake. Rweyemamu aliogopa ule wa mwisho. Lakini Aroni mwenyewe alikuwa amekwisha kuanza kukohoa, shati limekuwa kubwa, na Rweyemamu alipomtazama akaacha kubisha. Sote tulimtazama hivyo. Mama yake alimtazama kuliko sisi sote, akasema, "Fanyeni. Mimi nataka nivisikie vyuma vya mwanangu tena kabla sijafa. Sidai kingine kwa mtu."

Hilo tu. Kina mama wengine walidai mabati ya nyumba, walidai viwanja. Yeye alidai kusikia.

Sasa fanya mazoezi uone. Wiki ya kwanza, msiba kwa Ishengoma, nyumba ya tatu kutoka kwetu. Wakasubiri. Ule haujaisha, msiba ng'ambo ya barabara. Wakasubiri. Halafu mtoto wa mwalimu. Halafu mwalimu. Wazee wakapunguza siku za kulala msibani, maana migomba ilikuwa inafunikwa na majani, hakuna wa kushika jembe; lakini hata walipopunguza, misiba ilipokezana. Bendi ilikaa miezi na magitaa mapajani. Ili wamkumbuke marehemu mmoja walihitaji siku ambayo hakuna marehemu mwingine, na siku hiyo Kahororo haikuwepo.

Wakapanda meli kwenda Mwanza, kwenye studio ya mtu. Vyuma vilitoka shimoni vimefungwa kwenye magunia, vinanuka ndizi mbivu. Rweyemamu alinisimulia aliporudi, na anasimulia akiwa anatazama ukuta. Mwenye studio alivikubali vyuma. Akakubali magitaa. Aroni alipoisogelea maiki, yule bwana akaona vidonda mdomoni, akazima mashine. Akasema maiki ile wanaimbia watu wengi. Akasema samahani. Aroni akamwambia, "Naweza kuimba kwa mbali." Yule bwana akasema hata kwa mbali. Kisha akachukua kitambaa, akaipangusa maiki ambayo Aroni hakuwahi kuigusa. Mbele yake! Mtu mzima, ana watoto! Mpaka leo nikimkumbuka mtu huyo ambaye sijawahi kumwona, natema mate.

Lakini pale studio palikuwa na fundi mitambo, Msukuma mmoja jina lake Luhaga, akawafuata nje. Alikuwa na mashine yake ndogo ya kurekodia na maiki zake. Akasema hana studio, ila wakipata mahali penye utulivu atakuja. Rweyemamu akaleta habari kwetu kana kwamba ni matusi: utulivu, Kahororo!

Hapo ndipo mimi niliposema Goziba.

Goziba ni kisiwa cha Muleba, mbali ndani ya ziwa, hufiki ila kwa boti. Nilikuwa nafuata dagaa huko. Watu wa kule wametoka kila mahali, Wasukuma, Wakerewe, Wajaluo, hakuna ukoo, hakuna shamba la baba. Mtu akifa wanamzika siku hiyohiyo na jioni wanaingia ziwani, maana dagaa hawangoji. Nilikuwa nawaona wakatili. Mwaka ule nikawaona wana akili. "Kule," nikawaambia, "hata mkipiga mizinga yenyewe, hakuna atakayewauliza msiba wa nani."

Mama akataka kwenda. Aroni akakataa. "Ukiondoka wiki nzima na hapa kuna misiba, Mae, watasema umewatupa. Kesho na keshokutwa utawahitaji." Hakusema atawahitaji kwa nini. Mama akajua. Akabaki, anakwenda kukaa kwenye misiba ya watu akiwa amemsindikiza mwanawe ziwani.

Aroni alipoingia botini alimtania, kumtuliza. Mama yule alikuwa na redio kaseti ya marehemu Philbert na kanda moja ya kwaya, na hakuwahi kuelewa kwamba kanda ina pande mbili. Upande ukiisha alikuwa anakaa anaitazama mashine, anasubiri, halafu anaita kwa sauti ile ya ganda la mzinga, "Aroooni! Imekufa!" Na Aroni anatoka alikokuwa, anakuja kuigeuza.

"Nikirudi na kanda yetu, Mae, utajifunza kuigeuza mwenyewe," akamwambia.

"Wewe upo wa nini?" mama akajibu.

Nilikwenda nao kufuata dagaa. Studio yetu ya Goziba ilikuwa ghala la dagaa la mvuvi mmoja anaitwa Bundala, ndugu yake Luhaga. Mabati matupu. Luhaga akatundika nyavu kuukuu na mablanketi kuta zote ili sauti isirukeruke, jenereta likawekwa mbali nyuma ya jiwe. Harufu usiniulize. Vyuma vikaning'inizwa kwenye mihimili ya paa. Nani avigonge? Rweyemamu alitaka kugonga, Aroni akakataa, akasema hivi ni vya nyumbani kwetu. Akawekewa kreti ya bia akakaa, akawa anagonga ameketi, akichoka anapumzika, akipumzika anaimba. Luhaga alimletea maiki mpaka mdomoni. Aroni akamwambia, "Una hakika? Nina Juliana." Luhaga akasema, "Na mimi nina mafua, nisije nikakuambukiza wewe." Wavuvi mlangoni wakaangua kicheko. Kule walikuwa wanautaja tu, UKIMWI, UKIMWI, kama mtu anayetaja upepo. Nilikaa kwenye nyavu nikalia kwa sababu ya raha ya kusikia tu neno likitamkwa.

Walirekodi nilipokuwa naanika dagaa na kuanua. Wimbo ulioutaja ugonjwa waliurudia mpaka sauti ya Aroni ikawa kama msasa, na Luhaga akasema hiyo ndiyo ya kubaki. Siku ya mwisho Aroni aliomba tutoke wote, abaki na Luhaga kidogo. Nilidhani anataka kupumzika bila kutazamwa. Tukatoka, tukakaa kwenye mchanga, tukanywa chai. Hatukusikia kitu kwa sababu ya mlio wa jenereta.

Kanda zilitengenezwa Mwanza. Kwenye karatasi ya kasha palikuwa na picha ya Philbert na ovaroli lake, na jina la albamu: *Vyuma vya Philbert*. Rweyemamu alimletea mama ya kwanza. Aliipokea kwa mikono miwili, akapiga goti, kama anapokea mwana kwa mkunga.

Na siku hiyo, bila shaka, kulikuwa na msiba.

Nikamwambia, "Punguza sauti, weka redio sikioni, ingia chini ya blanketi, nani atajua?" Akanigeukia. Mawe, alivyonitazama! "Mwanangu hakuiba kitu, Alistidia. Simsikilizi kwa kujificha."

Basi akaiweka kabatini juu ya Biblia, akangoja. Ukitaka kujua mama yule alikuwa mtu wa namna gani, fikiria kungoja kule. Kila asubuhi alitoka nje akasimama uani, kichwa ameinamisha upande mmoja, anasikiliza kama kuna kilio. Kilikuwepo. Anarudi ndani. Huku Aroni naye amelala chumba kile kile alichofia kaka yake, anageuzwa na mikono ileile.

Siku moja ilifika. Msiba wa mwisho uliisha asubuhi, watu wakakunja mikeka wakaenda. Alitoka, akasikiliza. Kimya. Akaja mbio kunigongea, mtu mzima na magoti yake. Alitandika nyasi mpya sebuleni, akachemsha kahawa, akamtoa Aroni akamwegemeza ukutani kwa mito, akavaa gauni la kanisani. Nikanunua betri mpya. Akaweka kanda. Kidole kiko kwenye kitufe, kilio kikapanda kutoka kwa Ishengoma. Binti yake wa pili.

Akaondoa kidole. Aroni akasema, "Bonyeza tu, Mae."

"Na kesho nitachimbiwa na nani?" akasema. Lilimtoka tu. Mwana amekaa pale mbele yake, macho makubwa, na mama anaulizia kaburi lake. Nadhani hakuna adhabu Mungu angeweza kumpa iliyozidi sentensi ile. Aroni akamshika mkono, akasema, "Kweli. Nenda kwa Ishengoma, Mae. Wasikukose." Naye akavua gauni la kanisani, akajifunga kitenge, akaenda kulia kwa jirani.

Aroni alikufa msimu wa senene, wale panzi wa kuliwa, asubuhi, watu wakiwa bado wanaokota senene kwenye majani. Hakuwahi kuisikia kanda ile nyumbani kwao. Chama kikaja, siwezi kusema hakikuja. Wanawake wakajaa ndani, wanaume wakaanza kuchimba shambani karibu na kaburi la Philbert. Ta Rugaibula akawa anaelekeza kwa fimbo.

Ma Kokugonza hakuwa amelia. Alikuwa amekaa kando ya maiti, ametulia mno, nikaogopa. Kisha akainuka, akaingia chumbani, akatoka na redio kaseti. Akapita katikati ya wanawake, akatoka nje, akaenda hadi kwenye mtumbwi wa mti anaokamulia ndizi, akaupindua, akaiweka juu yake. Wachimbaji wakaacha kuchimba.

"Ma Kokugonza," akasema Ta Rugaibula, taratibu, kama kwa mgonjwa. "Hapa kuna msiba."

"Ninajua kuna msiba. Ni wangu."

"Sheria haichagui msiba wa nani. Ukifungua redio hiyo, vijana wanaweka majembe chini."

"Ta Rugaibula, waitu, nisikilize." Sauti yake ilikuwa ya kawaida, ya mtu anayeuza pombe. "Mlinitisha na kaburi la mwanangu, nikanyamaza. Nimenyamaza, yeye amekufa bila kusikia kazi yake, na mimi bado sijasikia. Huyu alikuwa wa mwisho. Amebaki nani wa kunitishia? Mimi? Mimi mkiniacha juani sitajua."

Akabonyeza.

Ganda kubwa ndilo lililoanza, peke yake, mara moja. Ma Kokugonza. Likapita migomba kama zamani. Ndege waliruka. Halafu gitaa la Rweyemamu likakwaruza, minyororo ikaingia, na Aroni, aliyelala ndani na pamba puani, akaanza kuimba nje kwenye jua.

Ta Rugaibula alichomeka fimbo yake ardhini akaondoka. Wengi wa vijana wakaweka majembe wakamfuata, macho chini. Nawajua wote, na wengine walipokuja baadaye kununua dagaa nilikuwa nawaambia wamekwisha. Rweyemamu akaingia shimoni. Ishengoma akabaki, mzee wa watu, aliyezika mabinti wawili. Alivua koti, akaingia na yeye. Mimi nikaokota jembe. Kwetu mwanamke hachimbi kaburi. Nikasikia wanawake wanaguna nyuma yangu, nikawaambia anayeguna aje achimbe.

Tukachimba kwa ngoma ile. Ukafika ule wimbo. *Kaka hakuuawa na chuma, chuma kilimpa jina. Kaka aliuawa na UKIMWI, nanyi jina lake mwalijua.* Ishengoma alisimama, amelishika jembe, akasikiliza mpaka ukaisha. Akasema, "Na wangu." Akasema tena, "Na wangu, wote wawili." Ma Kokugonza alikuwa amekaa chini kando ya redio, mikono mapajani, anatikisa kichwa kidogo kila ganda linapogongwa, kama mtu anayeitikia akiitwa.

Kisha nyimbo zikaisha. Ikabaki sauti ya mkanda unaozunguka mtupu, shii, shii. Yeye akabaki anaitazama mashine. Anasubiri. Nikaliona lile nililoliona miaka yote juu ya uzio: anavuta pumzi ili aite. Mdomo ukafunguka. Kisha akakumbuka, na mdomo ukabaki wazi hivyo hivyo, na mimi shimoni nikashindwa kuinua jembe.

Kanda ikakohoa. Ilikuwa sauti ya Aroni, ya karibu kabisa, haina muziki, imechoka.

"Mae. Haijafa. Upande mmoja tu ndio umekwisha. Usikae unaitazama. Bonyeza kile kitufe cha mwisho, itoe, uigeuze. Na upande wa pili kaka yupo, na vyuma vyake."

Ndipo alipolia. Alilia kwa sauti ile yake yote, nadhani waliokuwa njiani na Ta Rugaibula waliisikia. Lakini mikono haikungoja. Alijifuta kwenye kitenge, akabonyeza kitufe cha mwisho, akaitoa kanda, akaigeuza mwenyewe.

Tukaendelea kuchimba.